Chumvi ya Bwana Colin

Ninyi wenzangu wa kikundi cha Jumamosi mmeniuliza swali moja tangu nirudi: yule Mwaustralia alikuwa tapeli au hakuwa? Jibu lake ni refu, na kila nikianza kulitoa kwa mdomo, Rose anacheka kabla sijafika hata Eldoret. Nimeamua kuliandika, kila mtu alisome kwake, na anayetaka kucheka acheke akiwa peke yake. Mambo ya tiketi na viza nayaruka. Yalinichosha mara moja, inatosha.

Kitale hadi Nairobi

Kazi yangu mnaijua, lakini atakayeazimwa karatasi hizi huenda haijui. Mimi Nafula natangaza mpira redioni, tena kwa vichekesho. Redio yetu ni ndogo. Timu yetu ikicheza ugenini hakuna gari la kunipeleka, kwa hiyo mwenzangu Wafula huenda peke yake na simu. Yeye ananinong'oneza anachokiona, “Kona, yetu, kushoto,” nami nikiwa studio nakipika mpaka msikilizaji anasikia harufu ya nyasi. Ndivyo tunavyofanya kazi miaka yote, na sikuwahi kuona aibu.

Aibu ilikuja siku simu ya Wafula ilipozima nikiwa moja kwa moja hewani. Ilizima kwa dakika nane. Nilizungusha pasi katikati ya uwanja, nikampa refa kikohozi, nikaingiza mbwa, nikamfukuza. Dakika ya nane niliishiwa kabisa, nikafunga bao. Nililifunga kwa kichwa cha mshambuliaji ambaye, tulikuja kujua Wafula alipopata chaji, alikuwa nje tangu mapumziko akifungwa bandeji ya goti. Tulikuwa tumechapwa tatu bila. Na kule sokoni watu walikuwa wameshachinja mbuzi.

Sauti ile ilizunguka kwenye simu za nchi nzima kwa jina la Bao la Hewani. Mimi kuchekwa nimezoea, ndiyo kazi yenyewe. Lakini binti yangu Lavenda, aliye Kidato cha Tatu, shuleni walianza kumwita Hewani. Akijibu swali darasani, mtu wa nyuma anauliza kama jibu hilo nalo ni la hewani. Siku moja tukiosha vyombo aliniambia, wala hakuwa na hasira, “Mama, siku hizi ukiniambia kitu huwa nahakikisha kwanza.” Niliumia. Nchi nzima ilikuwa imenicheka na sikulala vibaya, lakini sentensi hiyo moja ilinikosesha usingizi.

Sasa fikirieni barua pepe inafika kutoka kwa mtu anayeitwa Colin, mchekeshaji na mtangazaji wa michezo wa Australia, anasema amesikia “ile sauti yako” na anataka tutangaze mechi moja pamoja huko Doha, gharama zote juu yake. Mngefikiri nini? Mimi nilifikiri kamera ya kujificha. Niliona mzungu ametafuta kichekesho cha bure, amekipata Kitale, na anataka kukionyesha dunia nzima kikilishwa na kupigiwa makofi.

Nilitaka kukataa. Lavenda ndiye aliyesema niende. “Ukikaa, la hewani ndilo litakuwa neno lako la mwisho,” alisema. “Nenda, lakini wasikucheke tena.” Niliondoka na viapo viwili: sitasema kitu ambacho sijakiona kwa macho yangu, na pasipoti yangu haitashikwa na mkono wa mtu yeyote katika nchi za Ghuba.

Nairobi hadi Doha

Ndege ilichelewa kwa saa tano. Sababu ya kwanza ilikuwa hali ya hewa, ya pili ilikuwa mizigo, ya tatu hawakuitaja. Nilikaa karibu na kundi la wasichana waliokuwa wakienda kufanya kazi za nyumbani, wote wamevaa fulana za rangi moja. Mmoja wao, mpole sana, alinipa nusu ya andazi lake na kuniuliza ninakwenda kwa nani.

“Kwa mzungu mmoja mchekeshaji,” nikamwambia.

Alinitazama kwa huruma. “Auntie, umeona mkataba?”

“Hakuna mkataba. Ni mechi moja tu.”

“Na ajenti ni nani?”

“Hakuna ajenti.”

Aliwageukia wenzake akawanong'oneza, nao wakanitazama mmoja mmoja kama watu wanaoaga maiti. Mimi nilikuwa nimekaa pale nikiwahurumia wao. Kumbe kila upande ulikuwa umeshauzika upande wa pili.

Ndani ya ndege nilipewa wali na kuku. Jamaa wa kiti cha ng'ambo aliinua simu kupiga picha sahani yake, nami nikaona kioo cha simu kimeelekea kwangu. Nilikula kwa adabu kama mgeni wa askofu mpaka alipolala. Mfupa wenye nyama nzuri niliuacha, na mpaka leo najuta.

Uwanja wa ndege hadi Al Wakrah

Nje palikuwa na dereva ameinua karatasi. Imeandikwa kwa herufi kubwa: MADAM HEWANI.

Nilisimama katikati ya watu. Nikatafuta kamera kwenye nguzo, kwenye dari, kwenye kikapu cha maua. Kama kungekuwa na ndege ya kurudi wakati ule ningeipanda.

“Nyabo, karibu sana,” dereva akasema. Alikuwa Mganda, na kwao nyabo ni bibi wa heshima; jina lake Hamza, kijana wa ndevu fupi na sauti ya taratibu. “Kwani hilo si ndilo jina?”

“Nani amekuambia hilo ni jina langu?”

“Wameandika huko ofisi. Mimi naandika tu vile wamenipa, nyabo. Kama si jina lako, nisamehe.”

Aliikunja karatasi akaitia mfukoni, na kwa hilo nilimpa alama moja. Alama hiyo niliirudisha dakika kumi baadaye, tukiwa barabarani, aliposema, “Nyabo, utanipa pasipoti yako kidogo? Mechi ya Ijumaa iko Al Wukair ndani ya kambi ya wafanyakazi, wanataka jina getini mapema.”

Pasipoti ilikuwa ndani ya sidiria. Nilikunja mikono kifuani. “Pasipoti iko kwenye begi, na begi limefungwa.”

“Begi liko nyuma, naweza simama.”

“Ufunguo umebaki Kitale.”

Hamza alinitazama kwenye kioo. Alisimama kwenye kibanda cha chai akaninunulia karak, ile chai yao nzito ya maziwa na iliki, na kitu alichokiita kikomando. Nilifungua karatasi nikakuta chapati iliyokatwakatwa ndani ya maharagwe.

“Hii ni chapo dondo,” nikasema.

“Hapana, nyabo. Hii ni kikomando. Chapo dondo ni ile nyinyi mliiba kwetu.”

Hapo tulicheka wote, nikamrudishia alama yake. Nusu tu.

Al Wakrah

Hoteli yetu ilikuwa karibu na bahari. Bwana Colin alikuwa ananisubiri sebuleni na mtayarishaji wake, msichana anayeitwa Megan. Yeye Colin alikuwa mzee mrefu, nywele nyeupe, shati la maua. Alikuja kunilaki kwa mikono miwili na tabasamu, akampita mhudumu aliyebeba trei, akasema, “Nafula, hatimaye!” Mkono wake aliunyoosha pembeni yangu kidogo, pale ambapo ningekuwa kama ningekuwa mnene zaidi. Nikajua mchezo umeanza. Nilisogea nikaushika mkono, nikatazama juu ya kabati.

Kesho yake, Alhamisi nzima, ilikuwa maswali. Tulitembea ufukweni na kila baada ya hatua kumi anauliza, “Unaona nini?” Mtu anaona bahari anakuuliza unaona nini! Nilishaelewa. Walitaka niseme uongo kidogo, nipambe kidogo, halafu waweke sauti yangu ya zamani chini yake.

“Naona maji,” nikajibu.

“Na nini?”

“Mashua moja ya bluu. Ina watu wawili. Mmoja anakojoa, samahani, anamwaga ndoo. Nimehakikisha, ni ndoo.”

Alicheka mpaka akashika magoti. “Na kulia?”

“Kulia kuna paka. Nasema paka kwa kuwa ana mkia. Ameketi juu ya wavu. Kama ni dume au jike siwezi kuthibitisha.”

Nilitoa ushahidi kama niko mbele ya hakimu, siku nzima, na kadiri nilivyokauka ndivyo mzee alivyofurahi. Menyu alitaka niisome mimi, eti anapenda sauti yangu. Kwenye nguzo ya kioo pale hotelini aligongana na sura yake mwenyewe, akaiomba radhi. Megan aliona, akacheka, akasema, “Colin na mizaha yake!” Mimi sikucheka. Nilisogea nikachungulia nyuma ya ile nguzo.

Wakati wa chakula cha jioni Megan aliitwa kwenye simu, tukabaki wawili na sinia la wali wa machbusi na samaki. Nilikuwa nimechoka. Niliweka kijiko chini nikasema kwa Kiingereza changu cha mitihani, ninachowaandikia hapa kwa lugha yetu: “Bwana Colin, mimi ni mtu mzima. Nina mtoto ambaye wenzake wanamcheka kwa sababu yangu. Umenileta kunicheka mara ya pili. Niambie kamera iko wapi, tumalize.”

Alinyoosha mkono mezani. Halafu akasema, “Nipe chumvi.”

“Iko mbele yako.”

“Najua,” akasema. “Mbele wapi?”

Mkono wake ulikuwa mezani. Kichupa cha chumvi kilikuwa kimegusana na kidole chake cha mwisho, na macho yake ya bluu yalikuwa yanatazama sikio langu.

Nilikisukuma kile kichupa hadi kwenye kiganja chake.

Akanieleza. Alianza akiwa na miaka kumi na tisa katika bucha la mji mdogo wa bara. Akikata nyama alikuwa anatangaza foleni ya wateja kama mbio za farasi: mama wa maini anaongoza, mzee wa soseji anapita kwa ndani, na huyu hapa mke wa kasisi anakuja kasi kutoka nyuma! Mwenye redio ya mji aliingia kununua mbavu, akatoka na mtangazaji. Baadaye alipata mwenzake wa kutangaza, Trevor, na kwa zaidi ya miaka thelathini Jumamosi za watu wengi wa kule zilikuwa zao wawili. Walitangaza kriketi, kuogelea, mashindano ya kunyoa kondoo. Walipelekwa kwenye televisheni na kwenye viwanja vikubwa vya dunia, na popote walikwenda na utani wa buchani.

“Miaka minne iliyopita katikati ya macho yangu palianza kuziba,” alisema. “Pembeni naona, ndiyo maana natembea. Katikati hakuna kitu. Mpira siuoni. Trevor alikuwa ananinong'oneza, mimi nasema. Hakuna aliyejua, hata Megan. Trevor alikufa mwaka jana.”

Kesho yake ndiyo ingekuwa mechi yake ya mwisho kabla ya kustaafu; aliichagua hiyo ya wafanyakazi kwa kuwa ilimkumbusha foleni ya buchani. Alitaka aage akiwa mchekeshaji. Hakutaka aage akiwa mgonjwa anayeonewa huruma.

“Kwa nini mimi?” nikamwuliza. “Mimi ndiye niliyefunga bao lisilokuwepo.”

“Wengine walisikiliza bao,” akasema. “Mimi nilisikiliza zile dakika nane, kila neno nikitafsiriwa. Wewe ndiye mtu pekee ninayemjua anayejua mnong'ono unavyofanya kazi. Ila kwangu, Nafula, usinifungie bao. Trevor alikuwa anapamba. Wewe unathibitisha hata paka.”

Niliona haya. Siku nzima nilikuwa nimembania yule mzee rangi za bahari, nikidhani namkomesha.

Al Wukair, Ijumaa

Mechi ilikuwa alasiri baada ya swala, Wakenya kwa Waganda, wengi wao masoja, yaani walinzi wa malango, na wapishi wa hoteli waliokuwa na mapumziko. Bwana Colin na Megan walitangulia na mitambo. Nilipofika na Hamza, getini nilikutana na soja kijana, Mkenya mwenzetu wa Nakuru.

“Mathe, bila kitambulisho hapa siwezi kukuingiza,” akasema. “Wacha paspo kwa hii droo, ukitoka unachukua. Ni rules, si mimi.”

“Hata mama yangu mzazi sijampa.”

“Basi mathe utaskia game ukiwa hapa nje.”

Hamza hakunikumbusha kwamba aliniomba mapema. Alitazama usukani tu. Ndani nilisikia kipenga kikijaribiwa, na sauti ya Bwana Colin kwenye spika ikisalimia Australia, uchangamfu wote, akiwa peke yake na macho yasiyo na kitu katikati. Niligeuka, nikaingiza mkono shingoni mwa gauni, nikatoa pasipoti ikiwa ya moto. Soja aliipokea kwa ncha za vidole.

Tulikaa chini ya turubai kando ya uwanja. Yeye na kipaza sauti chake, mimi na kangu kadogo kalikopeleka mnong'ono kwenye kidude cha sikioni mwake. Megan aliambiwa kwamba mimi ndiye mtaalamu wa majina. Kazi ikaanza. “Wekundu ni Kenya. Pasi kulia. Mnene amepokea. Ameanguka mwenyewe.” Naye anaupokea mnong'ono na kuugeuza: “Na beki wa Kenya ameketi, mabibi na mabwana, baada ya kufanyiwa madhambi na dunia yenyewe!” Nilisikia Waustralia wa mitambo wakicheka. Macho yalikuwa yangu, utani ulikuwa wake. Sijawahi kufurahia kazi namna ile.

Kenya walifunga. Uganda wakasawazisha kwa kipa wao, mpishi, aliyepiga mpira mrefu ukapaa na upepo. Yote niliyaona, yote niliyasema.

Ikabaki kama dakika kumi. Upepo ulileta vumbi, watazamaji wakasogea mpaka mstarini, na ghafla wote wakasimama mbele yetu. Nikasikia kipenga, kisha kelele kubwa. Wekundu walikuwa wanashangilia, na wa njano vilevile.

Bwana Colin alinyamaza, akingoja. Mimi nilikuwa naona migongo.

Ilikuwa ni simu ya Wafula tena. Nilijua kabisa naweza. Bao la kichwa lilikuwa tayari ulimini, lilikuwa zuri kuliko lile la kwanza. Nikamkumbuka Lavenda na vyombo vyake.

“Sioni,” nikanong'ona. “Wamenizibia. Sijui kimetokea nini.”

Kimya. Hewani, moja kwa moja, kimya cha kutisha. Halafu yule mzee akavuta pumzi.

“Mabibi na mabwana,” akasema, “hapa kimetokea kitu kikubwa na sijakiona. Mwenzangu Nafula naye hajakiona, lakini yeye ni kwa sababu ya migongo. Mimi sijauona mpira kwa miaka minne. Mngojeeni kidogo, anapanda kiti.”

Megan aliinua kichwa kama aliyemwagiwa maji. Mimi nilipanda kiti. Nilisahau mnong'ono, nikapiga kelele mpaka kipaza sauti chake kikaninasa:

“Hakuna bao! Wachezaji wanakimbia. Wote wanakimbia, na viatu vya mpira! Basi la zamu limekuja mapema. Linapiga honi getini, wa zamu ya jioni wasipopanda linawaacha!”

Uso wa Bwana Colin uliwaka. Alirudi buchani. “Nao wametoka!” akapiga kelele. “Nani anaongoza, Nafula?”

“Kipa wa Uganda! Glavu bado mkononi!”

“Kipa kwa ndani! Nani yuko nyuma?”

“Yule mnene aliyeanguka! Anampita refa!”

“Mnene, mabibi na mabwana, alikuwa anatunza pumzi kwa ajili ya hili!”

“Na soja wa getini, zamu yake imeisha, naye anakimbia, ana... Colin! Ana pasipoti yangu!”

Hilo lilikwenda Australia vilevile, moja kwa moja. Alilitangaza lote: pasipoti inaongoza kwa shingo, pasipoti inafika mlangoni, na hapana, inasimama! Yule kijana alikuwa amegeuka kwenye ngazi ya basi, ameinyoosha juu kabisa ili niione, akampa Hamza mkononi, ndipo akapanda. Hakutaka kuiacha kwenye droo bila mtu. Mlango ukafungwa, basi likaondoka na nusu ya timu mbili. Mechi ikahesabiwa sare.

Hamza aliniletea pasipoti. “Nyabo,” akasema, “ufunguo umefika kutoka Kitale?” Nilimpa alama zote zilizobaki.

Nyumbani

Asubuhi ya kuondoka nilimkuta Bwana Colin anakunywa chai, kichupa cha chumvi kiko mbele yake bila sababu. Simu yake ilikuwa imejaa ujumbe. Nilimwuliza watu wamesemaje kuhusu macho.

“Hawaniamini,” akasema. “Wanasema ni mzaha wangu bora kuliko yote. Wanatafuta kamera ilikuwa wapi.” Alicheka, huku akikizungusha kile kichupa mezani. Nilimshika mkono, safari hii bila kutazama juu ya kabati. Akaniomba nimwambie bahari ikoje. Nikamwambia yote, pamoja na rangi nilizombania.

Kitale niliingia mchana. Lavenda alinipokea begi, akatembea kando yangu hadi kwenye duka la kona.

“Nimeisikia,” akasema. “Darasa zima limeisikia.”

“Na sasa?”

“Hewani wameliacha. Siku hizi wananiita Basi la Zamu.”

Nikamwuliza kama linamwuma.

Alifikiri kwanza, kama kawaida yake. Kisha akahamishia begi bega la pili.

“Hapana,” akasema. “Hilo basi lilikuwepo.”